Nakala Saba za Baba

Kaka yangu aliporudi kwenye kazi ya picha, alirudi na mashati meupe sita, viatu vya ngozi visivyotakiwa kuguswa na maji, na mkebe wa kahawa ambayo alidai ndiyo pekee inayopita kooni mwake. Chumba cha giza cha studio yetu kina upana wa hatua nne. Akiingia mtu na mkebe wa kahawa, mwingine lazima atoke, na aliyekuwa akitoka kila siku ni mimi.

Tulimwita Riba tangu utotoni, kwa sababu ukimkopa gololi moja alitaka umrudishie mbili. Alisoma hesabu, akaingia benki, akapanda mpaka kwenye zile ghorofa ambazo hata lifti ina zulia. Kwa miaka ishirini na sita kazi yake ilikuwa kuzitafutia fedha za watu mahali pa kuzaana. Mimi nilibaki studio na baba, nikipiga picha za pasipoti, za vitambulisho, na za watoto wasiotaka kukaa kitako. Sina kinyongo. Mtu mwenye foleni ya watu kumi na wawili wanaotaka picha nne nne kabla ofisi hazijafungwa hana nafasi ya kinyongo.

Na nitasema hili mara moja tu, nisisikike nikilirudia: kabla ya benki, Riba alikuwa mpiga picha kunizidi. Baba mwenyewe alisema. Alisema mimi nina mkono na yeye ana jicho, halafu mwenye jicho akaenda zake kuhesabu.

Alipotimiza miaka hamsini na nne akaacha benki. Akatuita mimi, baba na mama, akatangaza kwamba sasa anataka mambo mawili tu, sanaa na kutoa. Angepiga picha zinazostahili kutundikwa ukutani, angeziuza kwa wenye nazo, na fedha yote ingejenga kliniki ya macho ambako asiye na kitu angetibiwa bure.

"Kutoa ni moyo, kaka," nikamwambia. "Lakini utazisafishia wapi hizo picha?"

"Si hapa hapa, dada? Chumba cha giza mnacho."

Ndivyo nilivyopoteza chumba.

Sasa nieleze kuhusu baba. Mtaa mzima ulimwita Fundi, na kwa miaka hamsini na zaidi alipiga kila uso uliopita mlangoni pake, ila wake. Kinyozi hajinyoi. Picha ya harusi aliipiga mwenyewe kwa kutega kamera, akakimbia kwenda kusimama kando ya mama, hakuwahi. Mama anaonekana vizuri, na kando yake pana ukungu wenye tai. Ukimwelekezea kamera baba aligeuka, akainama kufunga kiatu, au akakuambia filamu ni ghali, usiipoteze kwa mzee.

Riba alimpata kwa bahati. Baba alikuwa akitoka chumba cha giza na picha mbichi mkononi, inadondosha maji. Alikuwa ameona kitu kwenye ile picha, sijui nini, akacheka. Hakucheka kwa adabu, alicheka kwa meno yote na macho yamefumba. Riba alikuwa amekaa pale kwenye kiti cha wateja akijaribu kamera. Akabonyeza. Nilipoiona negativu, ile filamu inayozaa nakala zote, juu ya taa nikajua hii ni picha hasa. Sikumwambia.

Kuitoa kwenye karatasi ndiko kulikonitoa roho. Kwa wasiojua: kabla ya kutoa picha kubwa unakata kipande cha karatasi, upana wa vidole vitatu, unakilaza mahali unapopatilia shaka, unakimulika kwa sekunde kadhaa, unakitia dawani, unaona kama kimezidi au kimepungua. Fundi mzuri hutumia vipande viwili. Baba alitumia kimoja. Riba alitumia kumi na tisa. Cha paji la uso, cha sikio, vya macho, vya mdomo, vya mikono, na vingine vya ukuta wa nyuma ambao hakuna atakayeuangalia. Karatasi yenyewe siku hizi naiagiza kutoka mbali na inafika ikipenda.

"Kumi na tisa, kaka?"

"Macho yamezoea tarakimu," akasema. "Yatarudi."

Nilichukua vile vipande, nikaviosha, nikavianika, nikamtupia baba kaunta. "Vikate viwe vya namba," nikamwambia. "Angalau vifanye kazi."

Namba ni hivi. Mteja akipigwa picha tunampa kikaratasi chenye namba, akirudi anakirudisha, tunakichomeka kwenye msumari. Baba alivikata vile vipande vya uso wake, kila kimoja ukubwa wa kiberiti, akaandika namba mgongoni kwa ile kalamu yake nene, na kila aliyempa alimwambia kwa uso mkavu, "Chunga sikio langu." Au, "Hiyo ni nyusi yangu, usiifue na suruali." Wateja walicheka. Mimi nilikuwa na foleni, nikamwambia aache mizaha, watu wana haraka.

Siku ya maonyesho ya picha za Riba ilifika. Picha ishirini, lakini kila mtu alisimama mbele ya moja. Riba alikuwa ametoa nakala saba za baba, basi, saba tu, kila moja ina namba na sahihi yake na cheti kinachosema kwamba ya nane haipo na haitakuwepo kwa njia yoyote ile. Kitu kikiwa kingi hakina bei, alitueleza, kama vile sisi tumeishi maisha yetu yote bila kwenda sokoni. Halafu mbele ya watu, glasi zikiwa mikononi, akaitoa ile negativu, akaiweka kwenye mashine ya kutobolea karatasi aliyokuja nayo kutoka ofisi yake ya zamani, akaitoboa. Matundu mawili, katikati ya uso.

Watu wakapiga makofi. Baba naye alipiga, maana ni mwanawe. Tulipofika nyumbani akavua viatu, kisha akasema, "Negativu haitobolewi. Hata ya adui yako."

"Ndiyo desturi ya sanaa, baba," Riba akasema.

"Sawa," baba akasema, akaenda kulala.

Zote saba ziliondoka jioni ile ile. Nisiwe mchoyo wa ukweli: kliniki ilijengwa. Mashine ya kupima macho ilikuja, daktari akaja, na nimeiona kwa macho yangu mwenyewe ile foleni ya asubuhi, wazee wanaoingia wameshikwa mkono na kutoka wakikataa kushikwa. Ndiyo maana hasira yangu na Riba haina pa kuegemea. Mtu mbaya ungemchukia ukapumzika.

Hakuna aliyefikiri kujiwekea nakala ya baba. Ya nini? Baba si huyu hapa, anakunywa chai? Wiki tisa baadaye alifia kwenye kigoda chake nyuma ya kaunta, kati ya mteja na mteja, kalamu nene ikiwa mkononi.

Baada ya mazishi, watu walipotawanyika, mama akasema jambo moja tu. "Nipeni picha yake nitundike hapo." Akaonyesha ukuta ulio mbele ya kiti chake.

Tukapekua. Nyumba ya mpiga picha, makabati manne ya picha, na mwenye nyumba hayumo. Kulikuwa na ule ukungu wenye tai. Kulikuwa na kitambulisho chake, kimefutika pua, mtu amekunja uso. Mama akakitazama, akasema huyu ni mtu anayesubiri kung'olewa jino, mimi simjui. Akatugeukia. "Ile ya kucheka iko wapi?"

Riba akatazama viatu vyake.

Nilimsema siku ile, na kesho yake, na mtondogoo. Nilimwambia amemuuza baba mpaka mbegu. Yeye alifanya anachojua: akapiga simu. Kati ya walionunua, mmoja alikuwa amehama na hajulikani alipo. Watano walimpa pole ndefu na hapana fupi, kwa sababu picha ya marehemu imekuwa na thamani zaidi, kanuni aliyowafundisha mwenyewe. Nakala namba moja ilinunuliwa na benki yake ya zamani, imetundikwa mapokezi, na walimwambia ombi lake litajadiliwa bodi ikikaa.

"Basi niache niende na kamera yangu pale mapokezi," nikasema. "Dakika tano. Kurudufu picha za marehemu ni kazi yangu ya kila wiki."

"Nimetia sahihi, dada. Nimesema haitakuwepo ya nane kwa njia yoyote. Watu walitoa fedha zao kwa neno langu, na kliniki imesimama kwa neno hilo hilo."

"Neno lako lina faida gani kwa mama?"

Nikaenda hata hivyo, na simu, siku ambayo mapokezi yamejaa. Picha ilikuwa nyuma ya kioo. Nilichopata ni baba, na juu ya baba taa sita za dari, na kwenye kifua chake mlinzi anayekuja kunikataza. Mama alivaa miwani, akaiangalia, akanirudishia simu.

"Huyu ni askari," akasema. "Na hata ingekuwa safi nisingeitaka. Kaka yako ameahidi watu. Sitaki picha ya wizi ukutani kwangu."

Hawa ndio watu ninaoishi nao.

Mama akajitafutia dawa yake. Siku ya kwanza tulidhani ameenda kwa jirani. Saa nne asubuhi nikapigiwa simu na msichana wa mapokezi, sauti ya upole sana: "Dada, samahani, mama yenu yupo hapa." Alikuwa amekaa kwenye yale makochi ya wageni, mkoba mapajani, chupa ya chai pembeni, anamtazama mumewe. Wakimuuliza anamsubiri nani, anasema simsubiri mtu, nimeshamkuta. Kesho yake akarudi. Akazoeleka. Mlinzi akamwekea mto. Riba, aliyeingia jengo lile kwa miaka ishirini na sita akifunguliwa mlango, sasa alikuwa akienda kila saa sita kumchukua mama yake mbele ya vijana aliowaajiri mwenyewe. Nilidhani itanifurahisha.

Mwezi wa pili wa mambo hayo, mteja aliyechelewa tangu enzi za baba akaja kuchukua picha za mtoto wake, akanipa kikaratasi. Nikakigeuza kukichomeka kwenye msumari. Nikaona sikio.

Nilikaa kwenye kigoda cha baba. Mteja akaniuliza kama naumwa, nikamwambia subiri kidogo. Miezi miwili nimemwandama Riba kwa kumtoboa baba, na mimi ndiye niliyetoa amri akatwe vipande, akagawiwa kwa kila apitaye. Nyani haoni kundule. Tena yeye alitoboa kwa ajili ya wagonjwa. Mimi nilikata kuokoa karatasi.

Nikafunga duka saa tano asubuhi, jambo ambalo halijawahi kutokea. Nikaung'oa msumari wote. Riba alipokuja alinikuta sakafuni, nimepanga. Akakunja suruali yake ya bei, akapiga magoti.

Paji la uso lilikuwepo, jeusi kidogo. Jicho la kushoto limepungua, la kulia limezidi. Sikio, shavu, kola ya shati, vidole vimeshika pembe ya ile picha mbichi. Baba alikuja kidogo kidogo, upande mmoja kama yuko juani, upande mwingine kama yuko kivulini. Tulipofika mdomoni pakawa patupu.

"Vya mdomo nilipima vitatu," Riba akasema. "Nakumbuka kila kimoja. Vilinishinda."

Nikakumbuka na mimi. Msumari hujaa. Mwisho wa kila mwezi mimi ndiye ninayeupunguza, natupa vya chini kwenye pipa. Nilimwambia hivyo, nikasubiri anirudishie yote niliyomtupia kwa miezi miwili. Alikuwa na haki.

"Daftari linasema zipi hazijarudi?" akauliza tu.

Ilikuwa moja. Namba arobaini na moja, picha nne za pasipoti, ya mwezi mmoja kabla baba hajafa. Ingeweza kuwa mdomo, ingeweza kuwa ukuta wa nyuma. Bahasha yake ilikuwepo, mwenyewe hakuwahi kuja. Riba akachomoa picha moja. Mwanamume wa makamo, masikio mapana, amevaa koti.

"Mtu wa ofisini," akasema.

"Kaka, hilo ni koti letu. Linaning'inia nyuma yako. Kila mtu mtaa huu amepigwa nalo."

Akaitia mfukoni. Wiki tatu alizunguka na ile picha. Gereji, sokoni, stendi, kwa mafundi cherehani, kwa wauza matofali, anauliza, "Samahani, unamfahamu huyu bwana?" Watu wakadhani ni askari kanzu, au mtu wa benki anafuata mkopo, wakamwelekeza kila upande ila uliko ukweli. Vile viatu vilipasuka wiki ya pili. Mama tulikuwa tumemwonyesha vipande. Alivigusa kimoja kimoja, akafika patupu, akasema, "Bila kile kicheko ni mtu mwingine." Kesho yake saa nne alikuwa benki.

Wiki ya nne, siku ya Jumatano, nikiwa napambana na mtoto aliyekataa kutazama mbele, mtu akaingia na begi la vifaa, kaptura imeloa maji. Fundi bomba. Akasimama kando mpaka nilipomaliza. Nikatazama masikio yake.

"Samahani dada, nimechelewa. Nilikuja siku ile, nikakuta msiba. Nikaona si vizuri kumdai mtu picha kwenye msiba. Halafu siku zikapita, nikaona aibu." Akatoa pochi, na ndani ya pochi kijimfuko cha nailoni kilichokunjwa mara mbili. "Na mzee alinisisitiza. Aliniambia, chunga meno yangu. Mimi nafanya kazi majini, ndiyo maana nikayafunga hivi."

Nikakichukua. Sikutaka kukigeuza mbele yake, nikakigeuza. Mdomo wote ulikuwepo, na mwanya wa katikati, na ule mkunjo wa shavu. Nikalia pale pale kaunta, mtoto sasa akinitazama vizuri kabisa.

"Nimekosea?" fundi bomba akauliza.

"Hapana, baba. Umeyachunga." Nikampa bahasha. Akahesabu picha, akasema ziko tatu. Nikamwambia ya nne inazunguka mjini na kaka yangu, nikampiga nyingine bure, kwa koti lile lile.

Jioni tulivilaza vipande vyote kati ya vioo viwili bila gundi, mama alivyotaka, ili upande mmoja awe baba na upande wa pili ziwe namba alizoandika kwa mkono wake. Riba alisimama na fremu mkononi, miguu ina vumbi, na bado akapata la kusema.

"Mama, hii si nakala ya nane?"

Nilitaka kumpiga na kigoda.

"Vipande hivi vilikuwepo kabla ya cheti chako," mama akasema bila kugeuka. "Tundika." Kesho yake saa nne alikuwa kwenye kiti chake. Msichana wa mapokezi alipiga simu kuuliza kama anaumwa.

Wiki iliyofuata nilikuwa mlangoni mwa chumba cha giza namsema Riba kuhusu mkebe wake wa kahawa. Akainua kamera, akabonyeza. Nikamwambia asithubutu. Alipoisafisha, negativu akampa mama, naye akaitia kwenye mkoba wake na kufunga zipu. Ile mashine ya kutobolea sijaiona tena. Picha yenyewe, wanasema, ni nzuri. Nimefungua mdomo, nimekunja uso, kidole kiko hewani.

Ila alitumia vipande kumi na vinne. Nilimsema mpaka sauti ikanikauka, halafu nikaviosha, nikavianika, nikakaa kwenye kigoda na kikatio. Asubuhi akaja mteja wa kwanza, mama mmoja mwenye haraka, anataka picha nne. Nikaandika namba, nikampa kikaratasi.

"Chunga pua yangu," nikamwambia.